Kichwa na Mkia wa Kazinga

Pudentienne hakuwahi kupenda maji. Alizaliwa Sange, kwenye mpunga na mihogo, na maji aliyoyajua yeye ni yale ya mfereji, yanayokwenda unakoyaelekeza kwa jembe. Ziwa alilichukulia kama jirani mwenye kelele: unamsalimu kwa mbali, unapita zako. Kwa hiyo ilikuwa ajabu kidogo kwamba katika miaka yote ile ya vita, kila Jumapili baada ya misa, mwanamke huyu alitoka Kilibula, mtaa wa Uvira, kwa miguu, akapita Kavimvira, akaenda kusimama pale Ruzizi inapoingia ziwani, akakodolea macho kisiwa kisicho na mwenyewe. Alikuwa anatazama mti. Akiuona, alishusha pumzi, akarudi nyumbani kutwanga sombe, yale majani ya mihogo, ya kuuza.

Kisiwa chenyewe ni Kazinga, jina ambalo kwa Kirundi ni kusema tu kisiwa kidogo. Hakuna aliyejisumbua kukitafutia lingine. Ni mchanga na tope ambalo mto umelibeba kutoka milimani ukachoka nalo kabla ya kufika. Upande wa juu, unaopokea mto, kuna ukingo uliosimama wima, mrefu kumpita mtu, na juu yake ardhi kavu yenye nyasi nzuri. Kutoka hapo kisiwa kinateremka taratibu, kinapita kwenye matete na mafunjo, hadi upande wa chini, ambako kinaishia kwenye ulimi wa mchanga uliolala sawa na maji, usijue kisiwa kimekwisha wapi na ziwa limeanzia wapi.

Hakuna mtu aliyewahi kujenga pale. Wenye nyumba ni viboko: mchana wako majini wanapuliza pua, jioni wanapanda kula nyasi kwa njia zao wenyewe walizozikandamiza kwa matumbo ndani ya matete. Mamba wanaota jua kwenye ule ulimi wa mchanga na kufukia mayai yao humo, na kenge anawafuata nyuma kuyafukua, mwizi asiyeona haya. Mwari wanatua kwa makundi na kuondoka kwa makundi. Mnandi wanasimama juu ya magogo wametandaza mabawa yakauke. Wale mdiria wenye rangi nyeusi na nyeupe wanatoboa mashimo yao kwenye ukingo wima, na kila msimu wanatoboa mapya. Zaire na Burundi zilikuwa na mpaka wao hapo karibu, lakini hakuna aliyefikiria kuligombania tope lile, na ndege hawakuulizwa.

Mwaka wa tisini na sita, mwezi wa kumi, risasi zilipofika Sange, kila mtu alikimbilia alikokuwa ameelekea. Pudentienne alitoka na mumewe Herménégilde na Félicien, kaka wa mumewe, ambaye tangu baba yao afariki ndiye aliyekuwa mkubwa wa ukoo. Félicien alikuwa mjane mwenye mtoto mmoja tu, kijana anayeitwa Déogratias. Huyo walimtanguliza Uvira kwa baiskeli awatafutie mahali pa kulala. Walipokaribia mji, mji wenyewe ulikuwa unakimbia. Umati wote ulikuwa umeshika barabara ya Fizi, na baiskeli ya Déogratias ilikuwa ndani ya umati huo, wapi, Mungu ndiye ajuaye.

Walikuwa wamebeba mizigo yao kwa mtindo wa kwao, imefungwa katikati ya mti ambao watu wawili wanauweka begani. Mti huo Herménégilde aliung'oa kwenye ua wa nyumba yake asubuhi ile, mti wa muvumu ambao bado ulikuwa mbichi, kwa sababu ndio uliokuwa karibu na mkono. Karibu na mdomo wa mto walimkuta Octave, mvuvi wa Kalundu, akivusha watu kwa mtumbwi wake. Hakuthubutu kuwapeleka ng'ambo, huko nako kulikuwa na bunduki. Akawashusha Kazinga, ndani ya matete, akawaambia wasiwashe moto na wasikanyage njia za viboko.

Walikaa pale wamejikunyata kama kuku wa mvua. Walikula mihogo mibichi na kunywa maji ya mto, na mto siku zile ulikuwa umebeba mengi kuliko tope. Herménégilde akaanza kuhara, kisha akahara damu. Alikuwa mtu wa maneno mengi, mpenda mzaha, na hata pale alijaribu kumtania mkewe kwamba amemleta kula fungate kisiwani kama Wazungu. Mwisho mzaha ukamwishia. Akafa asubuhi, kichwa chake kikiwa mapajani mwa Pudentienne, huku mdiria wakipita juu yao kwenda kuvua kama siku nyingine yoyote.

Hapo ndipo lilipofanyika lile kosa, na lilifanywa kwa moyo safi. Pudentienne na Félicien walikuwa wakulima. Mkulima wa bondeni akizika, anatafuta mahali pa juu, pakavu, maji ya masika yasimfikie mtu wake. Félicien alitembea kisiwa kizima akikanyaga udongo kwa kisigino, akarudi akasema, "Kule juu. Kule maji haitamufikia." Wakambeba hadi juu kabisa, kwenye nyasi nzuri, hatua chache kutoka ukingoni, wakachimba kwa jembe walilokimbia nalo. Kichwani pake wakasimika ule mti wa muvumu aliobebea mizigo, ili wakirudi wapajue. Muvumu ni mti usiojua kufa. Ukiuchomeka ardhini, unashika.

Octave aliporudi kuwachukua, mjini kumetulia kidogo, aliangalia kaburi, akaangalia ukingo, akauma mdomo.

"Papa Octave, kuko nini?" Pudentienne akauliza.

"Mama, nani alichagua hapa?"

"Minye," akajibu Félicien, akijigusa kifua. "Njo pakavu."

"Iko pakavu, ni kweli," alisema Octave kwa upole, kwa sababu hakuwa mtu wa kumwongezea mfiwa. "Lakini Kazinga iko na kichwa na mukia, papa. Hapa njo kichwa. Mto inakula kichwa kila mwaka, inatapika ku mukia. Ile mashimo ya ndege munaona pale chini? Mwaka ilipita, ile ukingo haikukuwa pale. Ilikuwa mbele, mu maji kule. Sisi tukizika hapa, tunazika ku mukia."

 Félicien alitazama jembe lake, kisha akatazama mahali walipotoka kufukia, na Pudentienne alifikiri watachimba upya saa ileile. Lakini askari walikuwa wanapita ufukweni, Octave alikuwa na haraka, na watu watatu walikuwa wamechoka kupita kiasi. "Tutarudi kumuchukua," Félicien akasema. "Kiangazi ikifika, tutamupeleka Sange." Aliapa kwa jina la baba yake, na Pudentienne akapanda mtumbwi.

Sasa ni lazima nieleze jambo moja, maana bila hilo utamwona Pudentienne kama mwanamke mwenye ukaidi tu. Kwao, mtu akifa, nyumba inaingia katika msiba, na msiba hauishi wenyewe kama mafua. Unamalizwa. Siku inapangwa, pombe ya mtama inapikwa, ukoo unakaa, mkubwa wa ukoo anakunywa wa kwanza kwa mrija na kutamka kwamba sasa limeni, pandeni, oeni, chekeni. Huko ndiko kuganduka. Kabla ya siku hiyo mjane ananyoa kichwa kila nywele zinapoota, hakai kwenye karamu, hatoi mbegu kwa jirani, na hata akichekeshwa anafunika mdomo. Ni kitu cha miezi, mwaka ukizidi. Lakini Félicien alitoa neno lake mapema, na neno la mkubwa halina rufaa.

"Hatuwezi kuganduka muntu akiwa mu pori ya viboko," alisema. "Akifika Sange, akalala karibu na baba, njo tutaganduka."

Pudentienne alikubali. Ingekuwa shida gani? Kiangazi kingekuja tu.

Kiangazi kikaja, na askari wakakataza mitumbwi kukaribia mdomo wa mto. Kikaja kingine, mwaka wa tisini na nane, na vita vya pili navyo vikaja, kana kwamba vile vya kwanza vilikuwa vimesahau kitu nyumbani. Sange ilichomwa, ikajengwa, ikakimbiwa, ikarudiwa. Pudentienne alibaki Kilibula katika chumba cha kupanga, akitwanga sombe, akinyoa kichwa. Wanawake waliofiwa nyuma yake walishaganduka, wengine walishaolewa tena na kuachwa tena, naye bado anafunika mdomo. Alianza kuona haya kwa muda mrefu aliokaa katika msiba, kama mgeni aliyekaa kwa watu mpaka wameanza kula bila kumwambia karibu.

Na kila Jumapili, mti. Muvumu ulikuwa umeshika, ukatoa majani, ukawa mti kamili, peke yake juu ya kichwa cha Kazinga. Kutoka ufukweni aliweza kuona vizuri nafasi iliyobaki kati ya shina na ukingo. Kiangazi nafasi ilikuwa inakaa vilevile, na mdiria walikuwa wanaingia na kutoka mashimoni chini ya mumewe, jambo lililomfanya awachukie ndege wasio na hatia. Masika yakija, mto mwekundu ulikuwa unakula. Pande la udongo linaanguka na nyasi zake, linayeyuka kama ugali uliotupwa majini, na mashimo ya ndege yanakwenda nalo. Jumapili inayofuata nafasi imepungua. Alikuwa analala usiku akiomba mvua isinyeshe, yeye mkulima, mtoto wa wakulima, na asubuhi anaungama.

Mara moja walikaribia kufika. Kamanda mmoja aliyependa kuku alikubali kuwaachia njia, na jogoo wa Pudentienne akaenda kwake. Octave alipiga kasia, Félicien alikaa katikati na jembe lake na mkeka mpya. Walikuwa wameshaanza kusikia harufu ya kisiwa, ile ya tope na mavi ya viboko, ndipo risasi zikatoka kwenye matete ya upande wa pili. Nani alipiga, kwa nini, hakuna aliyejua, na nadhani hata aliyepiga hakujua. Octave aligeuza mtumbwi. Pudentienne hakulia, aliutazama mti ukirudi nyuma tena, akasema moyoni kwamba amechoka na watu wote duniani wenye bunduki, wa huku na wa kule, na anawachukia kwa usawa.

Baada ya siku ile Félicien alibadilika. Palipotulia, yeye alikuwa na mgongo. Mgongo ukipona, alikuwa na mavuno. Octave alituma habari kwamba njia iko wazi, Félicien akajibu kwamba ameota ndoto mbaya. Pudentienne alimheshimu shemeji yake, lakini kuna siku alitamani kumshika shati. Kwa desturi yao hakuweza kwenda bila yeye. Mifupa ya ukoo inainuliwa na mkubwa wa ukoo.

Hatimaye ikaja masika ile iliyovunja madaraja. Jumapili moja muvumu ulikuwa umeinama juu ya maji, mizizi yake nje, ikishikilia donge la udongo. Mvua ikazuia watu nyumbani. Alipofika tena ufukweni, palikuwa na mto, na ukingo mpya uliokatwa safi, na anga. Mti haukuwapo. Pudentienne alisimama mpaka miguu ikamuuma, kisha akarudi Kilibula, akalala mchana kweupe na nguo zake, usingizi mzito ambao hakuupata tangu Sange. Alipoamka aliona haya sana. Lakini ukweli ni ukweli: alikuwa amepumzika.

Amani ilipoanza kusainiwa kwenye makaratasi huko mbali, alikwenda Sange. Félicien alikuwa anapalilia mihogo.

"Shemeji, muti umeanguka," alisema.

Félicien aliendelea na mstari wake hadi mwisho, ndipo akasimama. "Basi imekwisha."

"Njo nimekuja tupange siku ya kuganduka."

"Kuganduka nani? Weye Pudentienne, unaweza kunionyesha muntu? Iko wapi? Hatuna mwili, hatuna kaburi. Bila mwili hatugandukake."

"Kwa hiyo minye nitanyoa mpaka nife?"

 Félicien akarudi kwenye mihogo yake, akipalilia mahali ambapo hapakuwa na magugu.

Njia nzima ya kurudi alikuwa na hasira, na ndani ya hasira hiyo lile neno la zamani la Octave likamrudia. Akapitiliza hadi Kalundu, akamkuta anatandaza ndagala juani.

"Papa Octave, ile inaliwaka ku kichwa, ulisema inaenda wapi?"

Octave alielewa mara moja. Alitandaza samaki kidogo, akifikiri. "Sitakudanganya, mama. Ingine inapotea mu ziwa. Lakini ingine iko ku mukia. Mukia imekuwa murefu sana hii mwaka."

"Basi inatosha," alisema Pudentienne.

Alipika pombe ya mtama mwenyewe, mitungi miwili, ingawa watu walioalikwa hawakuzidi mmoja. Kisha akamtumia Félicien habari kwamba siku fulani atakwenda Kazinga, na kwamba akitaka aje, asipotaka abaki na mihogo. Mjane hazungumzi hivyo na mkubwa wa ukoo. Félicien alikuja, amevaa koti lake la misa, akatangaza kabla ya salamu kwamba amekuja kumsindikiza tu na hatakunywa.

Mtumbwi ulikwenda bila mtu kuwapiga risasi, jambo ambalo lilikuwa geni kiasi kwamba wote watatu waliinamisha vichwa walipofika katikati. Octave alipita kichwa cha kisiwa bila kusimama. Hakuna aliyeutazama ule ukingo isipokuwa Félicien. Walizunguka matete, na mbele yao ulimi wa mchanga ukatokea, mrefu, mweupe, mpya. Mamba mmoja aliteleza akaingia majini bila kelele. Mwari waliinuka, wakazunguka, wakatua mbali kidogo. Juu ya mchanga kulikuwa na nyayo za korongo na mburuzo wa mkia wa kenge, na mahali pengine majani machanga ya matete yalikuwa yameanza kuchomoza.

Pudentienne alishusha mitungi, akauchimbia mmoja mchangani usianguke, akatia mrija.

"Hapa njo nini?" aliuliza Félicien.

"Hapa njo Herménégilde."

"Hapa iko muchanga."

"Ni ile muchanga ulitembea juu yake na kisigino, shemeji. Njo hii. Imehama tu."

Félicien alianza kusema kwa sauti ya baraza, ile ya kuamulia mashauri ya mipaka ya mashamba. "Sikiliza. Tukiganduka bila mwili, leo ni Herménégilde. Kesho kila muntu ataganduka bila mwili. Batakuja kuniambia hata..." Akakwama.  Alitazama upande wa kusini, kule milima inakoingia ziwani, kwenye barabara ya Fizi.

Ndipo Pudentienne alipomwelewa, na hasira ya miaka ikamtoka yote mara moja, ikamwacha na huruma na uchovu. Mgongo, mavuno, ndoto mbaya. Alikuwa hamkatalii yeye. Ikiwa mtu anaweza kugandukiwa bila mwili, basi hakuna tena sababu ya kumngoja Déogratias, ambaye hakuonekana tena tangu siku ile ya baiskeli.

Hakumtajia jina hilo. Alikaa chini mchangani, akausogeza mrija kidogo upande wake.

"Minye njo nilichagua kule juu," Félicien akasema. "Nilifikiri maji haitamufikia."

"Ulichagua vizuri, shemeji. Ulichagua kama muntu wa Sange."

Alikaa. Koti la misa likaingia mchangani. Akavuta mrija, kidogo, kisha kwa kirefu, akafuta mdomo, akatamka maneno yale kwa Kirundi, akimwambia ndugu yake alale, na walio hai walime, wapande, waoe, wacheke. Pudentienne aliitikia peke yake, kwa sababu ukoo mwingine ulikuwa Burundi, au Tanzania, au ardhini. Alipomaliza kuitikia alipitisha kiganja kichwani, kwenye vipele vya nywele vilivyoanza kuota, akafikiri kwamba hizi ataziacha.

Octave alikuwa ameshashika kasia. Jua lilikuwa limeshuka, na masikio ya viboko yalikuwa yameanza kuonekana karibu zaidi.

"Mama," Félicien alisema bila kumtazama mtu, "ile mutungi ingine, uliipikia nani?"

"Niliipika tu," alisema Pudentienne. Akauleta, akauchimbia mchangani mbele yake.

Félicien aliutia mrija, akavuta. Kisha akalitaja jina la Déogratias kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayemwita mwanawe aje kula, akayaanza maneno yaleyale upya tangu mwanzo. Pudentienne aliitikia. Na Octave, ambaye hakuwa wa ukoo ule wala hakujua Kirundi, aliweka kasia chini, akaitikia pamoja naye.